Seva Iliyojibu "Nipo"

Uji wa mchele uliowekwa mbele ya Suharti ulikuwa umeganda juu. Hakuwa ameugusa. Alikaa wima katika chumba cha mahojiano, mikono juu ya meza kama alivyoagizwa tangu jana, na ushungi wake wa kahawia ulikuwa umeteleza hadi sikioni bila yeye kuthubutu kuugusa.

"Weka ushungi wako vizuri," alisema Inspekta Ku Wan-ju, akivuta kiti. "Hapa hakuna anayekukataza."

Suharti akauweka vizuri.

"Amepatikana?" akauliza.

"Bado."

Aliyetafutwa ni Fan Chin-mu, mgane wa miaka themanini na tatu, ambaye kumbukumbu zake zilikuwa zimeanza kupotea njia. Suharti alitoka Ponorogo, Indonesia, akaja mjini Hsinchu kumtunza, na mwaka huu ulikuwa wa nne. Jana mzee alitoweka nyumbani. Binti yake, Fan Yu-chen, aliingia kituoni akiwa na shtaka tayari mdomoni: mhudumu kaizima kengele ya baba, kamtoa nje, kamtupa.

Kengele yenyewe ilikuwa kidude cha ukubwa wa kitunguu saumu, cha kuvaa shingoni. Mzee akikibonyeza, mtu wa kampuni hujibu humohumo. Asipobonyeza, chenyewe hutuma habari za mahali kilipo. Polisi walipoiuliza kampuni, jibu lilikuwa sentensi moja: *Kengele ilizimwa kwa mkono, jana alfajiri.* Kwa sentensi hiyo Suharti alilala mahabusu.

"Tuanze upya," Ku alisema. "Kengele uliigusa lini mara ya mwisho?"

"Jana asubuhi, afande. Nilimwosha uso, nikamvalisha. Taa ilikuwa kijani."

"Halafu?"

"Halafu Babu akabonyeza."

Sajini Teng, aliyekuwa ameegemea ukuta akinyonya maziwa ya soya kwa mrija, akaacha kunyonya. "Akabonyeza? Alikuwa anaumwa?"

"Haumwi. Kila asubuhi anabonyeza. Kuna binti wa kampuni anapokea, Babu anamsalimia kwa Kihakka, lugha ya kwao, anamuuliza kama ameshakula. Binti anacheka. Basi, siku inaanza."

"Na jana?"

"Jana hakujibiwa. Akabonyeza tena, kimya. Akanuna. Akasema, 'Hata huyu naye kaolewa.' Nikamwambia, Babu, labda simu zimejaa, tutajaribu tena baadaye. Nikaenda sokoni kununua tofu. Kurudi, mlango uko wazi, viatu vyake havipo."

Alisema hayo bila kupandisha sauti. Kisha akaongeza, kama mtu anayekumbusha jambo la jikoni, "Dawa ya moyo hajanywa tangu jana. Jana usiku upepo ulikuwa mkali."

Kwenye ujia, Teng alitupa kikopo chake pipani. "Anatunga. Kampuni inasema ilizimwa alfajiri, yeye anasema ilibonyezwa asubuhi. Mmoja ni muongo, na kompyuta haina sababu ya kudanganya."

"Mtu anayetunga uongo wa kujiokoa haweki ndani yake mzee aliyenuna kwa sababu binti wa simu kaolewa."

"Waongo wazuri ndio wanatia mambo kama hayo, afande."

"Haya. Basi twende tukaiulize hiyo kompyuta."

Fan Yu-chen alikuwa kwenye benchi la mapokezi, macho yamevimba, koti la duka lake la vipuri vya pikipiki bado mwilini. Akasimama.

"Amekiri?"

"Hajakiri. Bi Fan, kama baba yako angeondoka kwa miguu yake mwenyewe, angekwenda wapi?"

"Baba hawezi kwenda popote. Mwaka gani huu hajui. Mnanipotezea wakati. Huyo mwanamke nilimwachia ufunguo wa nyumba, nikamwachia mzazi wangu, halafu nyie mnamletea uji."

Ku akampa Teng ishara ya kichwa, wakatoka.

*

Kampuni ya Jirani Mwema ilikuwa ghorofani, karibu na viwanda vya vipuri vya elektroniki, na upepo wa Hsinchu ulikuwa ukigonga madirisha yake kama mtu aliyefungiwa nje. Aliyewapokea alikuwa mhandisi Lo Kai-hsiang, mrefu, kavaa ndala na soksi, kitambulisho kikining'inia shingoni. Aliwapeleka mbele ya skrini iliyofunika nusu ya ukuta. Juu yake kulikuwa na visanduku vya kijani, vyote kijani.

"Kama mnavyoona, hakuna tatizo upande wetu," alisema.

"Nieleze ninachokiona," Ku alimwambia. "Nieleze kama unavyomweleza mama mkwe wako."

"Mama mkwe wangu hanisikilizi, afande."

"Mimi nitakusikiliza."

Lo akakohoa kidogo. "Kengele zetu ni nyingi, mji mzima na vijiji vya milimani. Zikipiga zote kwenye mashine moja, mashine itazimia. Kwa hiyo tuna seva kumi na mbili. Ziko kwenye wingu."

Teng akatazama dari.

"Wingu maana yake haziko hapa," Lo alisema. "Ni mashine za kukodi, ziko kwenye majumba ya watu, tunazitumia kwa mtandao. Sasa mbele yake kimekaa hiki." Akagusa kisanduku cha juu kabisa. "Kisawazisha mzigo. Kila ishara ya kengele inapita kwake kwanza. Chenyewe hakimjibu mteja. Kazi yake kuamua tu: wewe nenda seva ya tatu, wewe ya tisa, isije moja ikalemewa huku zingine zikipiga miayo."

"Na seva ikifa?"

"Kinajua. Kila baada ya sekunde chache kinaziuliza moja moja: upo? Ikijibu 'nipo', inaendelea kupewa kazi. Isipojibu, inaondolewa, wenzake wanabeba. Mteja hata hajui kama kuna kilichotokea." Akaonyesha visanduku. "Na zote zinajibu. Tangu jana, tangu juzi."

Kwenye rafu kulikuwa na kengele za majaribio. Ku akachukua moja, akaibonyeza. Sauti ya msichana ikatoka papo hapo.

"Jirani Mwema, habari za asubuhi. Mama, uko salama?"

"Niko salama. Mimi ni polisi."

"Nimefanya nini?"

"Hujafanya kitu. Endelea na kazi."

Akabonyeza mara nyingine, na nyingine tena. Kila mara alijibiwa kabla hajashusha mkono.

Teng alikuwa ameshashika funguo za gari. "Mfumo ni mzima, afande. Tunarudi kwa yule mwanamke, safari hii bila uji."

Ku hakuondoka mbele ya skrini. "Bwana Lo. Ile sentensi uliyotuletea. 'Ilizimwa kwa mkono.' Nani aliyeisema?"

"Mfumo."

"Mfumo uliambiwa na kengele? Yaani mtu anapoizima, kengele inaaga, inasema 'nazimwa'?"

Lo akafungua mdomo, akaufunga. "Hapana. Haina namna ya kuaga."

"Basi mfumo ulijuaje?"

"Kengele ikikaa kimya muda fulani bila kuwa imelalamika kwamba betri inaisha, mfumo unaandika 'imezimwa kwa mkono'. Kwa kawaida ndiyo sababu. Wazee wanazizima wakienda kulala, taa inawasumbua."

"Kwa hiyo mfumo ulikisia."

"Ulikisia. Ndiyo."

"Na kwa kisio hilo mtu amelala mahabusu." Ku hakulisema kwa ukali. Alivuta kiti akakaa. "Jana kengele ngapi ziliandikiwa maneno hayo?"

Lo akageukia kibodi. Alipoliona jibu akalitafuta upya, mara mbili, kama mtu anayehesabu watoto wake baada ya safari. "Nyingi," akasema. "Siku ya kawaida ni chache sana. Jana ni nyingi mno, na zote zilinyamaza ndani ya saa moja."

"Nipe namba ya simu ya mmoja wao. Yeyote."

Simu ilipokewa na Bibi Yeh wa mtaa wa bandarini, mwenye sauti ya mtu aliyezoea kuita watu kutoka ng'ambo ya barabara.

"Kuzima? Nani kazima? Iko hapa shingoni, taa inawaka. Nyie ndio mmezima masikio. Tangu jana nabonyeza, nataka mtu aniambie redio inapunguzwaje sauti, hakuna anayejibu. Ningekuwa nimeanguka chooni je?"

"Hukuanguka, Bibi?"

"Sikuanguka. Lakini si ningeweza?"

Wa pili alikuwa mzee wa milimani, Guanxi, akasema hivyohivyo. Wa tatu alikuwa mwalimu mstaafu wa mjini katikati. Wa nne alikuwa jirani wa ukuta kwa ukuta na mtu ambaye kengele yake ilifanya kazi vizuri kabisa.

Teng alikuwa amezirudisha funguo mfukoni. Alikuwa na ramani kwenye simu, akiweka alama. "Si mtaa mmoja," alisema. "Mlimani wapo, pwani wapo. Nilidhani mnara wa simu umekufa. Si mnara."

"Kampuni ya simu?" Ku akauliza.

"Mchanganyiko," Lo akajibu.

"Umri wa kengele?"

"Mpya zipo, za zamani zipo."

Ku aliigeuzageuza ile kengele ya majaribio kiganjani. "Hii nilipoibonyeza mara ya kwanza, kisawazisha mzigo kiliipeleka seva gani?"

"Ya pili."

"Mara ya pili?"

"Ya pili hiyohiyo."

"Na ya tatu?"

"Hiyohiyo. Hakichagui upya kila mara. Tuliagiza kila kengele ishikamane na seva yake, kwa sababu seva inakumbuka habari za mteja, dawa zake, jina la binti yake. Ukimhamisha kila mara inabidi..."

Hakumalizia. Alibaki ameiangalia skrini, na Ku akamwacha aangalie.

"Ya Mzee Fan imeshikamana na ipi?" Ku akauliza hatimaye, polepole.

Vidole vya Lo vikakimbia. "Ya saba."

"Bibi Yeh?"

"Saba."

"Mzee wa Guanxi. Mwalimu."

"Saba. Saba." Akashuka na majina mengine, midomo ikicheza bila sauti. "Wote. Wote ni wa seva ya saba."

"Ambayo iko kijani."

"Ambayo iko kijani," Lo akakubali.

Akaifungua. Maandishi meupe yakatiririka kwenye weusi, na rangi ya uso wake ikapotea. Jana alfajiri walibadilisha programu ya seva zote, akaeleza. Kwenye seva ya saba kulikuwa na mafaili ya zamani yaliyosahaulika, diski ikajaa. Ile sehemu ndogo inayojibu "nipo" haihitaji diski, ikaendelea kujibu. Sehemu inayopokea vilio vya watu ndiyo iliyokwama.

"Kwa hiyo ni kama askari wa zamu," Teng alisema, "ukiita jina anajibu 'nipo, afande', na amelala."

"Ndiyo."

"Tunao kama hao," Teng akasema.

Ku alisimama. "Kengele ya mzee huenda inapiga kelele tangu jana. Kisawazisha mzigo kinaipokea kila mara, kinaipeleka kwa aliyelala. Iondoe hiyo ya saba."

Mkono wa Lo ulikuwa tayari juu ya kipanya, lakini hakubonyeza. "Nikiiondoa ghafla, kengele zake zote zitawaangukia wenzake kwa mpigo. Saa hizi ndiyo wazee wote wameamka, mzigo uko juu. Ikianguka seva nyingine kwa kulemewa, na wale waliokuwa salama watanyamaza."

Teng akapiga meza. "Kuna mtu hajanywa dawa ya moyo."

"Najua. Ndiyo maana sitaki kuua wengine." Lo hakumtazama. "Nikodishe seva mbili mpya kwanza, nizitie kwenye mstari, halafu niiondoe. Si muda mrefu."

Ku alimtazama usoni. Hakuonekana mtu anayejificha. "Fanya hivyo," akasema. "Teng, kaa."

Teng akakaa.

Visanduku viwili vipya vikatokea pembeni, vya kijivu. Kisawazisha mzigo kikaviuliza kama vipo. Safari hii Lo aliviuliza yeye pia, kwa mkono wake, akatuma mlio wa majaribio kwa kila kimoja, na kutoka chumba cha pili wakamsikia msichana wa simu akijibu mara mbili. Vikawa kijani. Ndipo Lo akakiburuta kisanduku cha saba nje ya mstari.

Kwa muda hakuna kilichotokea. Kisha chumba cha simu kikalipuka kwa milio, na sauti za wasichana zikapanda pamoja: Jirani Mwema, habari za asubuhi, samahani sana Bibi, ndiyo Mzee, pole, tunakusikia. Kwenye skrini nukta zikaanza kuwaka moja baada ya nyingine, pwani, mjini, milimani.

"Fan," Ku alisema.

"Bado."

Nukta ziliendelea kuwaka. Lo alifuta kiganja kwenye suruali. "Pengine betri. Baada ya usiku mzima. Au iko mahali penye ishara hafifu, inajaribu, inashindwa, inapumzika, inajaribu tena."

Teng alikuwa amevuta kiti chake mbele hadi magoti yakagusa meza ya mhandisi.

Nukta ikawaka peke yake, mbali na zingine, kwenye vilima vya Xinpu. Ikazimika. Ikawaka tena, safari hii nyekundu, maana yake mtu amebonyeza.

Lo alifungua sauti. Kwanza walisikia upepo, upepo tu, ukivuma kama kwenye mdomo wa chupa. Kisha msichana mmoja kule chumbani akaipokea, na sauti yake ikabadilika alipoliona jina.

"Babu Fan? Babu, ni mimi. Umeshakula?"

Pumzi nzito. Halafu sauti kavu ya mzee, dhaifu lakini yenye hasira iliyokamilika.

"Wewe. Kumbe hujaolewa."

Msichana akaanza kulia na kucheka kwa pamoja, na mzee akamuuliza anacheka nini, yeye kidole kimekufa ganzi kwa kubonyeza, watu wote wamelala.

Teng aliinamisha kichwa juu ya meza kwa kitambo, paji la uso kwenye mikono. Alipokiinua alisema kitu kimoja tu.

"Hakutunga."

"Hakutunga," Ku akasema. "Washa gari."

*

Fan Yu-chen alipoelezwa mahali kwa simu, aliomba aelezwe tena. Kisha akasema kwamba pale ni kiwanja cha babu yao, walikokuwa wakikaushia persimoni, matunda mekundu matamu, kila vuli upepo unapoanza. Kimefungwa tangu yeye akiwa shule. Baba hakuwahi kukitaja. Yeye alidhani amekisahau, kama alivyosahau mengine yote.

Mzee hakuwa amekisahau. Alivaa viatu, akapanda basi la Xinpu kwa kadi yake ya wazee, akashuka anapopajua. Matunda yalikuwa yameiva kwenye miti ya majirani, na yeye alikwenda kuangalia kama tangi la maji lina maji ya kuoshea. Mfuniko uliooza ukampokea na kumtumbukiza ndani.

Tangi lilikuwa kavu, la saruji, refu kupita mtu. Zimamoto waliteremsha ngazi, na kabla hawajagawana kazi Teng alikuwa ameshashuka. Mwanga wa mchana ulikuwa ukiingia kwa pembeni. Mzee alikuwa amekaa kwenye kona, mguu mmoja umevimba, kajifunika matrei mawili ya mianzi ya kukaushia matunda na turubai kuukuu, kajipanga vizuri kama mtu aliyejiandalia kitanda. Kengele ilikuwa mkononi, si shingoni. Taa yake ilikuwa ikififia.

"Wewe mtoto wa nani?" akamuuliza Teng.

"Wa Teng, Babu. Wa Zhudong."

"Teng yupi? Yule mwizi wa bata?"

Juu ya tangi zimamoto wakageuza nyuso zao pembeni.

"Huyo ni babu yangu," Teng akasema. "Ndiyo huyohuyo."

"Alikuwa mwizi mzuri," mzee akasema. "Haya, nibebe taratibu. Na usiniibie."

Daktari wa gari la wagonjwa alimpima palepale kwenye kiwanja, akampa dawa, akasikiliza kifua mara ya pili na ya tatu. Kifundo cha mguu kimevunjika, akamwambia Ku. Ana kiu na baridi. Moyo unakwenda vizuri kuliko ilivyotarajiwa. Ku aliitikia kwa kichwa, akatembea hadi kwenye ukuta wa kiwanja, akasimama huko akiwapa mgongo wote mpaka pumzi yake iliporudi mahali pake. Upepo ulikuwa mkavu na mzuri. Ng'ambo ya barabara matunda ya watu yalikuwa yamepangwa juani, safu kwa safu, mekundu.

Lo alipiga simu Ku akiwa bado huko. Wamewapata wote wa seva ya saba, alisema. Mama mmoja wa Zhubei aliteleza bafuni jana jioni, akabonyeza bila kujibiwa, akagonga ukuta kwa ndala mpaka jirani akaja. Ana nundu kichwani na matusi mengi mdomoni. Wengine wote salama.

"Rudia," Ku alisema.

"Wote wako salama, afande. Hakuna tuliyempoteza. Nimebadilisha hata lile swali. Sasa kisawazisha mzigo hakiulizi tu 'upo'. Kinatuma kilio cha uongo, kinangoja kipokewe mpaka mwisho. Seva isipokipokea, inatoka kwenye mstari." Akasita. "Mtanikamata?"

"Mwendesha mashtaka atataka maelezo yako, na utayatoa yote kama ulivyonipa mimi. Mimi sijaona mhalifu hapa, nimeona diski. Lakini kuna kitu kimoja nataka kifanyike leo. Yale maneno, 'imezimwa kwa mkono'."

"Tuandike nini?"

"Mnapokuwa hamsikii, andikeni hamsikii."

*

Mlango wa mahabusu ulifunguliwa na Teng mwenyewe, ingawa haikuwa kazi yake. Saruji ya tangi ilikuwa bado kwenye magoti ya suruali yake.

"Amepatikana," alisema kabla hata hajaingia. "Yuko hai. Yuko hospitali."

Suharti alifumba macho. Midomo yake ikatamka shukrani kwa Mola wake, polepole, mpaka mwisho. Alipofumbua alikuwa ameshashika mfuko wake.

"Dawa amekunywa?"

"Amekunywa." Teng alisimama mlangoni akimzibia njia bila kukusudia. "Dada, mimi nilisema unatunga."

"Uliniambia mimi hivyo?"

"Hapana. Nilisema kule nje."

"Basi mimi sikusikia, afande. Twende."

Ku aliwapeleka. Njiani Suharti aliomba wasimame kidogo, akanunua kikombe cha uji wa mchele wenye viazi vitamu, akakibeba mapajani kwa mikono miwili. Aliufungua mfuniko, akaunusa, na yeye mwenyewe akala vijiko kadhaa vya juu kwa njaa ya mtu aliyekumbuka tumbo lake, kisha akaufunga.

Hospitalini, Fan Yu-chen alikuwa nje ya wodi. Aliwaona wakitoka kwenye lifti akainuka, akapiga hatua mbili, akasimama. Mikono yake haikujua pa kwenda. Uso ulikuwa umekunjamana kama wa mtoto.

"Suharti," alisema. "Mimi... kampuni iliniandikia kwamba..."

"Bibie, amelala?"

"Hajalala. Anakataa kulala. Ananiita kwa jina la shangazi, anasema nimwite yule anayejua kumpangia mto." Machozi yakamshuka. "Nilitaka wakufunge. Nilisema mbele ya watu wote kwamba umemuua. Sijui nikuambie nini."

Suharti alimtazama. Ku, aliyekuwa nyuma yao, aliiona ile hasira ikipita usoni pa mhudumu yule, ikakaa kidogo, haikukimbilia kuondoka. Ilikuwa haki yake, na hakuna aliyeiharakisha.

"Utaniambia," Suharti alisema hatimaye. "Nitataka kusikia, tena mbele ya watu haohao. Lakini si sasa."

"Mbele ya watu haohao," Yu-chen akaitikia. "Ndiyo."

Ndani, mzee alikuwa ameteleza kitandani mpaka kidevu kimegusa kifua, mguu wenye bandeji ngumu umekaa upande. Alipomwona Suharti alikunja uso kama mtu aliyecheleweshewa chakula.

"Tofu iko wapi?"

"Kesho, Babu. Leo uji."

Aliweka kikombe mezani, akavua koti, akaenda upande wa kushoto wa kitanda na kupitisha mkono chini ya bega la mzee. Kisha akainua macho kumwangalia Yu-chen, aliyekuwa bado kizingitini.

"Bibie, njoo. Shika upande huo. Si kwapani, utamwumiza. Hapo chini, karibu na kiuno. Haya. Kwa pamoja."

Wakamwinua.